Umekatwa hela kwenye kadi na jina usilolijua? Pita hapa kabla hujaenda kufunga kadi

Karani wa Kadi (mleta uzi)

Wakuu, salaam.

Nimekaa dawati la kadi kwenye benki moja hapa Dar kwa miaka kadhaa, siku hizi nina shughuli zangu. Kesi iliyokuwa inanijia kuliko zote si ya kadi kuibiwa. Mtu anaingia na stetimenti mkononi, jasho linamtoka, "nimeibiwa". Ukiangalia unakuta ni usajili: alijiunga mwenyewe, au mtoto alijiunga kwenye simu yake, au alijaribu kitu cha bure siku saba akakisahau. Na jibu analopewa dirishani mara nyingi ni moja tu, tufunge kadi tukupe nyingine. Analipia kadi mpya, anasubiri itoke, mwezi unaofuata anakatwa tena kwenye hiyo hiyo kadi mpya. Kuanzia hapo hata umwambie nini, kwake benki ni wezi.

Inakuwaje? Makubaliano yako ya kulipa kila mwezi ni kati yako na yule anayekuuzia huduma. Kadi ni njia tu ya kupitisha hela. Visa wana kitu kinaitwa Visa Account Updater, Mastercard nao wana Automatic Billing Updater. Kazi yake ni kumpelekea mfanyabiashara namba mpya pale kadi ya mteja inapobadilishwa, ili usajili usikatike. Benki yako ikiwa imejiunga na mpango huo, namba mpya inafika kule kabla wewe hujaizoea PIN. Kwa mtu anayelipia kitu anachokipenda ni msaada. Kwa anayekimbia makato ni balaa.

Kwa hiyo anza na kumjua aliyekata. Lile jina kwenye stetimenti hufupishwa, na mara nyingi silo jina la programu unayoijua. Ukiona GOOGLE * halafu jina, malipo yamepita Google, na kilicho mbele ya nyota ndicho ulicholipia au aliyekitengeneza. APPLE.COM/BILL inaweza kuwa chochote kilichonunuliwa kupitia Apple, kuanzia nafasi ya iCloud mpaka mchezo wa mtoto. PAYPAL * maana yake hela imetoka kwenye kadi ikapitia PayPal, aliyelipwa anafuata baada ya nyota. PADDLE.NET* na FS * ndio wanaochanganya watu zaidi, kwa sababu ni mawakala wanaouza programu za kompyuta kwa niaba ya wenyewe. FS ni FastSpring. Paddle wana tovuti, paddle.net, ambayo unaweza kutafutia ulichonunua.

Mji ulioandikwa pembeni usikutishe. Mtu anaona Luxembourg au Cork anauliza nani katumia kadi yangu Ulaya. Amazon wana kampuni zao Luxembourg, Apple wako Cork kule Ireland, na jina la mji linatoka huko. Kadi yako haijapanda ndege.

Ukishamjua, unakwenda kufuta usajili kwake. Benki inakuja baadaye. Ulizeni, nipo.

Dada wa Kinondoni

Asante mkuu kwa somo. Mimi nilishaifuta programu kwenye simu tangu mwezi wa pili, na bado nakatwa. Ilikuwa ya kuhariri picha. Sasa nifute nini tena wakati haipo?

Karani wa Kadi

Dada, uliondoa programu, usajili ukabaki palepale. Ni vitu viwili tofauti. Google wenyewe wameandika hivyo kwenye maelezo yao, ila nani anasoma.

Kama ni Android, fungua Play Store, gusa picha yako juu kulia, ingia sehemu ya malipo na usajili, kisha usajili. Programu itakuwepo kwenye orodha hata kama simu haina tena. Kama ni iPhone, fungua mipangilio, gusa jina lako juu kabisa, halafu usajili. Usipoiona, basi uliingia kwa akaunti nyingine. Watu wana Gmail tatu nne, moja ya kazini, moja ya zamani ya chuo, na usajili umekaa kwenye ile ambayo neno lake la siri hulikumbuki. Badilisha akaunti moja moja uangalie.

Ukikwama kabisa, tafuta risiti kwenye barua pepe zako zote. Hapo kuna mtego mdogo: stetimenti inakuonyesha shilingi, risiti mara nyingi imeandikwa dola. Ukitafuta kile kiasi cha shilingi hutapata kitu. Tafuta tarakimu nne za mwisho za kadi, au neno "receipt", ukilinganisha na tarehe. Na tarehe nayo huwa inapishana siku moja mbili, kwa sababu benki inaandika siku hela ilipopita kwenye vitabu, risiti inaandika siku ulipotozwa.

Njugu Mawe

Hapo kwenye shilingi na dola ndipo ninapopigwa mimi. Tangazo linasema 9.99, nikipiga hesabu naona nimekatwa zaidi. Na kila mwezi ni namba tofauti. Huo si wizi?

Karani wa Kadi

Vitu viwili vinaingia hapo mkuu.

Cha kwanza ni kodi. Kuanzia Julai 2022 kampuni za nje zinazotuuzia huduma za kielektroniki zinatakiwa kujisajili TRA na kukusanya VAT ya asilimia 18. Zingine zinaiweka ndani ya bei, zingine zinaongeza juu. Ikiongezwa juu, 9.99 inakuwa 11.79.

Cha pili ni kubadilisha fedha. Chukulia siku hiyo dola kwenye kadi imehesabiwa 2,600, hiyo 11.79 ni shilingi 30,654. Mwezi ujao dola ikipanda au ikishuka, namba inabadilika. Benki nyingi zinaongeza na asilimia yao kwa malipo ya fedha za kigeni, angalia kitabu cha ada za benki yako. Kwa hiyo ukiona kiasi kinachezacheza kila mwezi lakini tarehe ni ileile, huo ni usajili wa dola. Tarehe ndiyo inayokupa ushahidi kuliko kiasi.

Mzee wa Mbagala

Mimi nakatwa elfu moja moja na mia mia kila mwisho wa mwezi. Nimejiunga na nini? Sina hata simu ya maana.

Karani wa Kadi

Shikamoo mzee. Hizo kwa kuzisikia tu ni ada za benki yenyewe: uendeshaji wa akaunti, ujumbe wa SMS, na kodi juu ya hizo ada. Hakuna aliyekusajili popote. Nenda tawini uombe wakutajie kila moja jina lake, na uulize kama wana akaunti isiyo na ada ya mwezi. Benki nyingi wanazo, hawazitangazi kwa sauti.

Mtoto wa Mzee

Na zile za salio la simu kuliwa na miito na SMS za mapenzi na vichekesho? Nazo zipo humu?

Karani wa Kadi

Hizo ni za mtandao wa simu, hazipiti kadi wala benki. Mpigie huduma kwa wateja wakutajie ulichounganishwa nacho wakitoe. Uzi wake ufunguliwe mwingine.

Tomaso wa Tandika

Mleta uzi unawatetea benki. Hela iko kwao, wao ndio wanaoitoa. Kwa nini wasiizuie mpaka nikubali? Mimi nikitaka kutoa hela yangu mwenyewe mnaniomba kitambulisho, sahihi na barua ya mwenyekiti wa mtaa. Mzungu akitaka anachukua tu.

Karani wa Kadi

Tomaso, hiyo ya barua ya mwenyekiti imenichekesha, na hoja yako ina ukweli.

Siku ya kwanza uliyoweka namba ya kadi, ile ya nyuma ya tarakimu tatu na pengine OTP (namba ya kuthibitisha inayotumwa kwenye simu), ulitoa idhini ya malipo yote yatakayofuata. Yanayofuata yanakuja na alama kwamba ni ya kujirudia na mteja hayupo, kwa hiyo hakuna OTP tena. India walikataa mtindo huo. Kuanzia Oktoba 2021 Benki Kuu yao inataka mteja ajulishwe saa 24 kabla ya kukatwa, na kiasi kikizidi kiwango walichoweka lazima athibitishe upya. Wafanyabiashara wengi wa nje walipata tabu mwanzoni, malipo yakawa yanakataliwa. Ningependa kuona kitu cha namna hiyo hapa kwetu.

Lakini kuna jambo ambalo benki zetu zinaweza kulifanya leo na makarani wengi hawalijui au hawalisemi. Visa wana huduma ya kusimamisha malipo, Visa Stop Payment Service. Mastercard wanayo ya kwao pia. Benki inamzuia mfanyabiashara mmoja tu asikate kwenye kadi yako, na kadi inaendelea na kazi nyingine. Kwa hiyo ukifika dirishani usiseme "fungeni kadi". Sema nataka huyu, jina lake hili, azuiwe malipo ya kujirudia. Akikwambia haiwezekani, omba apige simu kitengo cha kadi makao makuu. Wa dirishani hana huo uwezo kwenye kompyuta yake, usimkasirikie.

Kipepeo 254

Boss, huku Kenya wengi tumehamia kadi ya M-Pesa GlobalPay, ile ya Visa iliyoanza 2022. Haina plastiki, inachota moja kwa moja kwa M-Pesa. Mimi ninaweka pesa nikitaka kulipa, nikimaliza natoa. Wakija kukata wanapata hakuna kitu. Shida imeisha.

Karani wa Kadi

Ni kinga nzuri, hata huku kadi za mtandaoni za mitandao ya simu zinatumika hivyo hivyo. Ila haijafuta usajili. Malipo yakikataliwa leo, mfumo wa mfanyabiashara unajaribu tena kesho, keshokutwa, wiki ijayo. Visa wanamruhusu kujaribu mpaka mara 15 ndani ya siku 30. Siku uliyoweka hela ya ada ya mtoto au umetumiwa na ndugu, ndiyo siku atakayoipata. Nimeona hii mara nyingi na wenyewe wanaapa kwamba kuna mtu anachungulia akaunti zao.

Kipepeo 254

Aisee. Hiyo imenipata mimi na sikujua. Niliweka pesa ya umeme ikaenda.

Mbeba Boksi

Nawasalimu kutoka Minnesota. Hiyo ya kuacha kadi tupu huku usijaribu kwa kila kitu. Gym ya huku ni mkataba, ukiacha kulipa wanapeleka deni kwa wakusanyaji, na rekodi yako ya mikopo inachafuka, utakuja kunyimwa nyumba ya kupanga.

Ndugu zetu mliopo Marekani mjue sheria zenu. Kadi ya mkopo, una siku 60 tangu stetimenti ilipotumwa kupinga kwa maandishi. Akaunti ya kawaida ambayo kampuni inakata moja kwa moja, unaweza kuiambia benki isimamishe, mradi uiambie siku tatu za kazi kabla ya tarehe ya kukatwa. Ile kanuni ya FTC, tume ya serikali inayolinda wateja huku, ya kujitoa iwe rahisi kama kujiunga, iliyopitishwa Oktoba 2024, msiitegemee. Mahakama ya rufaa iliitupa Julai 2025, siku chache kabla haijaanza kufanya kazi kikamilifu. Lakini FTC hawakulala. Septemba 2025 Amazon walikubali kulipa dola bilioni 2.5 kumaliza kesi ya Prime, usajili wao wa kulipia, ambapo watu waliunganishwa bila kuelewa na kujitoa kukafanywa kama safari ya mateso. Bilioni moja na nusu kati ya hizo ni za kurudishia wateja.

Binti Mombasa UK

Nami niongeze ya Uingereza kwa kuwa kuna ndugu zetu wengi hapa wanahangaika. Malipo ya kujirudia kwenye kadi, una haki ya kuyafuta kwa benki yako moja kwa moja. Benki hairuhusiwi kukwambia "nenda kwanza ukamalizane na kampuni". Ukiwaambia wasimamishe na wakaacha ikatwe tena, wao ndio wa kukurudishia. Mimi niliambiwa na kijana wa simu kwamba haiwezekani, nikamtajia FCA, wasimamizi wa huduma za fedha huku, akaniweka kwenye muziki kidogo, aliporudi ikawa imewezekana. Deni lako kwa kampuni kama una mkataba linabaki lakini, hilo alilolisema kaka wa Minnesota ni kweli hata huku.

Chuma Chakavu

Ujerumani kuanzia Julai 2022 tovuti inayokuruhusu kujiunga mtandaoni lazima iwe na kitufe cha kujitoa kinachoonekana. Kitufe kimoja tu, na dunia haijaanguka.

Msukuma Mjini

Mkuu Karani, tuje kwenye kurudishiwa. Mimi nimekatwa miezi minne, programu ya kubadilisha mafaili ya PDF. Niliitumia mara moja kutengeneza barua ya maombi ya kazi. Kule walisema dola moja kwa majaribio. Kumbe baada ya siku saba inakuwa ya mwezi. Kazi yenyewe sikupata. Je, nikisema kadi yangu imeibiwa, hela yote inarudi?

Karani wa Kadi

Usiseme imeibiwa. Naomba wote msome hapa.

Benki inapodai hela irudi kupitia Visa au Mastercard, inachagua mlango wa kupitia. Kuna mlango wa "mteja hakuidhinisha", yaani wizi. Kuna mlango mwingine wa "usajili uliofutwa", kwa Visa unajulikana kwa namba 13.2. Ukipitia mlango wa wizi, kadi inafungwa palepale, na mfanyabiashara anapewa nafasi ya kujibu. Analeta barua pepe yako, jina lako, anuani ya mtandao uliyotumia, na malipo ya zamani ambayo hukuyapinga. Tangu Aprili 2023 Visa wana utaratibu maalumu: akionyesha malipo mawili ya nyuma ambayo hukuyalalamikia, na kifaa au anuani ya mtandao ikafanana, dai la wizi linaanguka. Umeshindwa, na jina lako limebaki kwenye faili kama mtu aliyedanganya. Dai lako la kweli litakalokuja baadaye litaangaliwa kwa jicho la pembeni.

Fanya hivi. Kwanza futa usajili leo, kwenye tovuti yao, na piga picha ya ukurasa unaosema umefutwa. Pili waandikie barua pepe ukidai hela, sema hukutumia huduma tangu tarehe fulani, waambie unakwenda benki wasipojibu. Hawa wa PDF nimewashuhudia mara nyingi wakirudisha mwezi mmoja au miwili haraka haraka, kwa sababu dai likifika Visa nao wanatozwa, na yakizidi wanawekwa kwenye uangalizi. Tatu, wasipojibu, nenda benki na picha ya kufuta, barua yako, na stetimenti uliyozungushia duara miamala. Sema nilijaribu kwa dola moja, sikuonywa kabla ya kuanza kutozwa bei kamili. Visa tangu Aprili 2020 wanamtaka mfanyabiashara wa majaribio ya namna hiyo amkumbushe mteja angalau siku saba kabla, na ampe kiungo cha kujitoa. Hakikisha kama ulikumbushwa: tafuta kwenye barua pepe yako, pamoja na ile sehemu ya taka.

Muda: kwa madai ya aina hii Visa wanatoa siku 120, kwa kawaida tangu muamala ulipopita. Miezi minne ndiyo hiyo, mwezi wako wa kwanza unakaribia kutoka nje au umeshatoka. Usisubiri Jumatatu.

Msukuma Mjini

Naenda kufuta sasa hivi. Kwenye ukurasa wao wananiuliza "una uhakika?" mara ya tatu, sasa wananipa punguzo nusu bei.

Karani wa Kadi

Endelea mpaka mwisho. Wengine wanaishia hapo kwenye punguzo wakidhani wameshafuta.

Dada wa Kinondoni

Nimeipata! Ilikuwa kwenye Gmail ya zamani ya kazini. Nimefuta. Sasa hela ya miezi yote hiyo niwadai Google wenyewe au mwenye programu?

Karani wa Kadi

Hongera dada. Google wanashughulikia wenyewe maombi yaliyo ndani ya saa 48 tangu ulipolipa. Ikishapita hapo wanakupeleka kwa mwenye programu, barua pepe yake iko chini kwenye ukurasa wa programu Play Store. Apple ni tofauti, unaingia reportaproblem.apple.com unachagua muamala na sababu. Jaribu hizo njia kabla ya kwenda benki, maana ukiwapinga Google au Apple kupitia benki wanaweza kuifungia akaunti yako manunuzi, na kwenye akaunti hiyo ndiko ziliko picha zako na kila kitu.

Tomaso wa Tandika

Na benki wakinizungusha? Maana watanizungusha.

Karani wa Kadi

Peleka malalamiko kwa maandishi, upewe namba ya kumbukumbu. Bila namba hakuna malalamiko, kuna maongezi tu. Wakikuzungusha, Benki Kuu ya Tanzania inapokea malalamiko ya wateja wa benki chini ya kanuni za 2019 za kumlinda mtumiaji wa huduma za fedha, ila watakuuliza kwanza kama ulimaliza na benki yako. Hapo ndipo ile namba inapofanya kazi.

Njugu Mawe

Wakuu, mimi nimefuta ya muziki, lakini wameniandikia nitaendelea kutumia mpaka tarehe 28. Ina maana haijafutika?

Karani wa Kadi

Imefutika. Mwezi huu ulishaulipia, wanakuacha umalize. Ile barua itunze, wakikata tena baada ya tarehe 28 hiyo ndiyo ya kupeleka benki. Ila kama kuna mwenye majaribio ya bure ya Apple, afute angalau siku moja kabla hayajaisha, siku ya mwisho yenyewe anaweza kuwa amechelewa. Na aangalie, baadhi ya majaribio ukiyafuta yanakatika papo hapo, kwa hiyo kama kuna kazi unaimalizia humo, ihifadhi kwanza.